Siku Alizokaa Dada Wan Bila Upanga

3 Juni

Leo tumeanza filamu mpya kwa tambiko, kama desturi. Nguruwe wa kuchoma alikuwa mezani tangu saa mbili asubuhi. Tukawasha udi, tukainama mara tatu, kisha mwongozaji Pang akakata kipande cha kwanza cha ngozi. Ni mtu mpole, amesoma, na husema "tafadhali" hata kwa wabeba taa. Nafurahi kufanya kazi naye.

Hii ni filamu yangu ya kumi na nne hapa studio, lakini ni ya kwanza ya mapanga. Miaka mitano nimekuwa kwenye za mapenzi. Kazi ni ile ile: kukaa kando ya kamera na daftari, niandike kila kinachopigwa picha. Upanga ulikuwa mkono gani, mkono wa joho ulikunjwa hadi wapi, damu ilifika kifungo cha ngapi. Nikikosea mimi, shujaa ataingia mlangoni na kidonda shavu la kulia atoke nacho shavu la kushoto, na ukumbi mzima utaangua kicheko.

Shujaa wetu, mjane mwenye upanga, anaigizwa na Sheung Pik-wan. Hapa Hong Kong nani hamjui? Filamu thelathini na moja, na mama yangu bado ana kalenda yenye sura yake ukutani, ya miaka minne iliyopita. Nilimwendea na heshima zangu zote.

"Dada Wan, mimi ni Tsang Wai-han. Ndimi nitakayekuwa na daftari."

Akanitazama miguuni. "Vaa viatu vya mpira," akasema, akaenda zake.

Ndiyo salamu hiyo. Kule kwenye mapenzi waigizaji walikuwa wananipa peremende.

5 Juni

Joto. Jukwaa la daraja humwagiwa maji kabla ya kila kipande cha picha ili mawe ya bandia yang'ae. Leo mtu wa taa ameteleza, jino limetoka. Nimenunua viatu vya mpira.

9 Juni

Pigano la kwanza darajani, mapigo kumi na saba, mara tisa. Mara ya nane Pang alisema imetosha, ni nzuri sana. Dada Wan akasema hapana.

"Pigo la sita nilishika upanga mapema. Kipande cha jana, mpini ulikuwa bado kiunoni. Au vipi, wewe wa daftari?"

Nikafungua. Kweli, mpini ulikuwa kiunoni. Mimi mwenye kalamu sikuliona kosa, na yeye alikuwa anapigana na wanaume sita. Uso ulinichoma kwa aibu. Nilidhani ameniumbua makusudi, mbele za watu. Jioni nikiwa nakula tambi nikakumbuka vidole vyake: ngozi ya viungo ilikuwa imechubuka yote, na mara ya tisa alirudia bila kukunja uso.

Bado simpendi. Lakini mara ya tisa ilikuwa kitu kingine kabisa.

10 Juni

Mvua. Hatukupiga.

18 Juni

Nimecheka leo mpaka mbavu zikauma. Luk Chi-keung, mbadala wa Dada Wan, ndiye anayeruka badala yake penye urefu. Ana miaka ishirini na minne, ana mabega ya mchukuzi wa bandarini, na leo alivaa sketi yake, wigi lake na hereni zake.

"Kaka Keung, umependeza," wapiganaji wenzake wakamwambia. "Una mchumba?"

"Ninao wawili, lakini hawajui kupika."

Dada Wan alimwita pembeni. Nilifikiri atamkemea. Kumbe anamfundisha kutembea! Alimshika kiuno: "Usitangulize kifua. Mjane huyu amebeba maji miaka kumi, uzito wake uko nyongani." Nusu saa nzima, kwa mtu ambaye uso wake hautaonekana na ambaye atakuwa hewani kwa muda wa kupiga chafya.

Wakati wa chakula Keung alinisimulia habari za Dada Wan. Baba yake alikuwa mwimbaji wa opera, akamfundisha mkuki akiwa na miaka sita. Sauti ya baba ilipokufa, binti akaingia kwenye filamu akiwa na kumi na tatu, kubeba sinia la chai. Filamu nne mfululizo, sinia la chai. Ya tano, majambazi waliingia nyumbani kwa shujaa, naye akaelekezwa kupiga ukelele na kukimbia. Akapiga ukelele. Kisha akampiga jambazi wa karibu kwa lile sinia, sahani zikaruka, na kwa kuwa kamera ilikuwa inazunguka, wakaiacha. Watu kumbini walisimama kwenye viti.

"Alikuwa na miaka kumi na minne," Keung alisema, mdomo umejaa wali. "Mimi nilikuwa mtoto wa mtaani, niliingia bila tiketi. Siku ile nikasema, na mimi nitafanya kazi hii."

27 Juni

Joto. Wigi la sufi lina uzito wa paka. Hakuna anayelalamika kwa kuwa Dada Wan halalamiki.

6 Julai

Leo Dada Wan amezungumza nami. Nilikuwa nachora jinsi mshipi wake ulivyofungwa, yeye amekaa, goti ameliweka juu ya ndoo ya barafu. Lilikuwa limevimba kama nanasi.

"Limevunjika mara mbili," akasema bila kuulizwa. "Kimo cha meza bado naruka. Zaidi ya hapo ni Keung. Nimewaambia waandishi wa magazeti mara ngapi, aliyeruka paa lile ni Luk Chi-keung, andikeni jina lake. Wananitabasamia, halafu wanaandika kwamba napenda chai ya maua ya chrizanthemu."

"Unaipenda?"

"Siwezi hata kuinusa."

Tulicheka. Ana kicheko kizito, cha chini, hakifanani na sura yake hata kidogo. Nilimuuliza kwa nini siku ya kwanza hakunisalimu. Akashangaa. "Nilikuambia uvae viatu vya mpira." Kwake yeye ile ndiyo ilikuwa salamu. Nimeelewa polepole, ila nimeelewa.

14 Julai

Mawingu mazito, upepo umeanza kutoka kusini. Tuko nje, kwenye paa la hekalu. Keung ameruka leo mara kumi na moja. Kipande namba 112 hakijapatikana bado.

Saa nane mchana Dada Wan alipitisha kidole kwenye waya unaomning'iniza Keung hewani. Akamwita meneja Hui, ambaye ndiye mwenye kauli ya mwisho juu ya kila kitu tunachotumia. "Waya huu umetumika siku tatu. Umeanza kuchanika nyuzi. Ubadilishwe." Hui alisema mpya utaletwa kesho kutwa, huu bado una nguvu, tusipoteze mwanga. Nimeandika yote, pamoja na saa. Mimi huandika kila kitu.

16 Julai

Sijui nianzie wapi.

Waya mpya haukuletwa. Asubuhi Dada Wan aliuliza tena, Hui akasema uko njiani, tufanye mara mbili tatu kabla ya mvua. Pang alitazama mawingu, akatazama saa, akatazama viatu vyake.

Mara ya kwanza nzuri, lakini moshi ulikuwa mwingi. Mara ya pili upepo ulipeleka sketi usoni mwa Keung, akashuka anatema kitambaa: "Hii sketi inanitaka!" Watu wakacheka. Mara ya tatu alipanda kama hajawahi kupanda, mgongo umenyooka, joho jeupe limefunguka nyuma yake, na mimi nilisahau kuandika. Kisha nikasikia mlio mdogo, kama kamba ya kinubi ikikatika.

Aliangukia ngazi za mawe. Mawe yale si ya bandia.

Wote tuliganda. Aliyekimbia ni Dada Wan, na goti lile. Alipiga magoti, akamshika kichwa kwa mikono miwili kisisogee, akapaaza sauti tusimwinue, tulete mlango wa kumbebea. Tulivua mlango wa hekalu bawabani. Keung alikuwa macho. Mguu wa kulia ulikuwa umegeukia mahali usipopaswa kugeukia.

"Dada Wan," akasema, "wigi limekaa sawa?"

"Limekaa sawa. Nyamaza."

"Usilie, rangi itachuruzika. Mwenye daftari atalazimika kuandika."

Dada Wan alimshika mkono ndani ya gari mpaka hospitali, yeye na joho la mjane, damu ya kweli juu ya damu ya rangi. Mimi nilibaki nimesimama kwenye ngazi. Mvua ikaanza.

17 Julai

Mguu umevunjika mahali pawili, na kifundo cha mkono. Atatembea. Daktari amesema kuruka, basi.

20 Julai

Leo nimefanya jambo baya.

Meneja Hui alituita mmoja mmoja ofisini. Mezani palikuwa na karatasi iliyokwisha pigwa chapa: kwamba Luk Chi-keung alikuja kazini siku hiyo akiwa amelewa, na hakufuata maelekezo. Sahihi za watu tisa zilikuwepo tayari. Ya kwanza ilikuwa ya Pang, mwandiko mzuri, wa msomi.

"Ni kwa ajili ya bima tu, Wai-han," Hui alisema. "Hakuna anayemlaumu kijana."

Keung hanywi. Kila mtu anajua hanywi. Baba yake aliuawa na pombe. Na kila mtu anajua mpiganaji aliyeandikwa mlevi hataajiriwa hata kushika kamba, hapa wala studio nyingine yoyote. Nilijua yote hayo. Nikafikiria kazi yangu, nikafikiria mama, nikachukua kalamu.

21 Julai

Sikula.

23 Julai

Karatasi imefika kwa Dada Wan. Aliisoma akiwa amesimama, mbele yetu sote, akasoma na majina. Aliposoma langu hakuniangalia. Afadhali angenipiga kofi.

"Mimi sitii sahihi," akasema. "Na karatasi hii ichanwe. Ibandikwe nyingine mlangoni, iseme waya ulikuwa umechakaa."

"Dada Wan, una mkataba," Hui akasema. "Usipokuja kazini—"

"Nani kasema siji? Nitakuja kila siku."

24 Julai

Amekuja. Saa kumi na mbili asubuhi alikuwa kwenye kiti cha kupakwa rangi usoni. Saa mbili alikuwa jukwaani, wigi, joho, mshipi, kila kitu mahali pake. Msaidizi akamletea upanga. Hakuupokea. Alikaa kwenye kigoda karibu na daraja, mikono mapajani, mpaka saa kumi na moja jioni.

25 Julai

Amekuja. Amekaa.

27 Julai

Amekaa. Hui alimletea mwandishi wa gazeti ili amwone alivyo mkaidi. Dada Wan akamwambia, "Andika Luk Chi-keung," akamtajia herufi moja moja.

28 Julai

Ishara namba tatu ya kimbunga imepandishwa. Amekuja na mwavuli uliopinduka. Amekaa.

29 na 30 Julai

Kimbunga. Tumefungiwa nyumbani. Mimi na mama tumebandika karatasi kwenye vioo. Jirani wa juu bati lake limekwenda. Mama anauliza kwa nini sizungumzi. Nikamwambia nilichofanya. Alinimiminia uji, akatazama kalenda yake ukutani, akasema tu: "Na huyu anajua ni wewe?"

"Anajua."

"Basi kula, upate nguvu ya kumtazama."

1 Agosti

Jukwaa limevuja, nusu ya daraja imelowa. Dada Wan amesogeza kigoda pakavu, amekaa. Pang alimwendea, akamwambia kwa upole kwamba kumbi thelathini zimeshapangiwa filamu hii kwa Septemba, kwamba sanaa ni kubwa kuliko mtu mmoja. Alimsikiliza hadi mwisho.

"Bwana Pang, siku ile uliangalia viatu vyako. Kulikuwa na nini pale?"

Pang aliondoka. Tangu hapo sisikii tena "tafadhali" zake. Namaanisha anazisema, ila mimi sizisikii.

4 Agosti

Hui kaniita. Anataka nipitie daftari nimwambie ni vipande vingapi vinaweza kupigwa msichana mwingine akionekana mgongo tu, sura ya Dada Wan isihitajike. "Wewe ndiye unayejua filamu hii kuliko sote," akasema, akanipa chai.

Nilikaa na daftari mchana kutwa. Nilipofika tarehe 14 Julai nikasimama. *Saa nane. S.P. aonyesha waya umechanika, aomba ubadilishwe. M. Hui: kesho kutwa.* Mwandiko wangu mwenyewe. Kumbe nilikuwa nimebeba kitu hiki kwapani siku ishirini na moja.

6 Agosti

Nimekwenda hospitali. Keung alikuwa anamfundisha mgonjwa wa kitanda cha pili kuanguka bila kuumia, kwa maneno matupu. Nilimwambia nilitia sahihi. Mzaha wote ulimtoka, nikaona kumbe bila mzaha ana sura ya mtu mzima aliyechoka.

"Mama alisomewa ile karatasi," akasema. "Aliniuliza, hata wewe? Kama baba yako?"

Nilimenya chungwa, nikamwekea, nikatoka.

8 Agosti

Asubuhi hii, saa mbili na robo, wote tukiwa jukwaani, nilisimama nikasoma daftari kwa sauti. Tarehe 14, tarehe 16, saa, maneno ya kila mtu. Sauti ilikuwa inakatika kama redio mbovu. Hui akasema nikabidhi daftari, ni mali ya studio. Nikasema nitalikabidhi likishasomwa na watu wa bima, na kwamba jina langu lifutwe kwenye ile karatasi, nilidanganya.

"Unajua unachofanya?"

"Hapana," nikasema, na ni kweli.

Kiongozi wa wapiganaji, mzee wa miaka hamsini asiyewahi kusema na mimi zaidi ya kunisalimu, aliweka upanga wake sakafuni, taratibu, akaenda kukaa chini karibu na kigoda cha Dada Wan. Kisha wa pili. Kisha wote kumi na wanane, na mtu wa taa asiye na jino. Sikuwa na pa kukaa. Dada Wan akajisogeza, akanipa nusu ya kigoda.

Joho lake lilinuka gundi ya wigi na dawa ya misuli.

10 Agosti

Karatasi imechanwa. Mlangoni pamebandikwa nyingine, mistari minne: waya ulikuwa umechakaa, Luk Chi-keung hana kosa. Watu wanaisoma kana kwamba hawakuwepo.

Na mimi filamu hii ikiisha nahamishiwa stoo ya viatu. Na mkataba wa Dada Wan, unaokwisha Septemba, hautaongezwa. Hui alimwambia watazamaji siku hizi wanataka wanaume vifua wazi na ngumi, enzi ya wanawake wa mapanga inapita. Akamjibu, "Inawezekana," akaomba upanga wake.

19 Agosti

Pigano la mwisho. Hati ya filamu inasema mjane anaruka juu ya vichwa vya maadui wanane na kutua ng'ambo ya daraja. Waya mpya umefika, na mbadala mpya naye. Dada Wan alimrudisha kijana akapumzike.

"Mjane huyu ana miaka arobaini," akamwambia Pang. "Ng'ambo kuna kaburi la mtoto wake. Haruki. Anatembea."

"Katikati ya watu wanane?"

"Ndiyo. Na usikate."

Filamu zetu sauti huwekwa baadaye, hivyo waongozaji hupiga kelele mwanzo hadi mwisho. Leo Pang hakutoa sauti. Nilihesabu mapigo arobaini na matatu bila kukatwa. Hatua moja, pigo. Hatua, mapigo matatu. Katikati ya daraja goti lilimkataa, niliona, mwili ulizama upande. Akaugeuza ule mzamo ukawa upanga unaopita chini ya mkono wa adui, na wa sita akaanguka kwa haki kabisa. Alifika ng'ambo anaburuta mguu. Akageuka kutazama nyuma, na usoni hapakuwa na ushindi wowote, ila uchovu wa mtu aliyefika nyumbani na kukuta hakuna mtu.

Hakuna aliyesema "kata". Utepe wa filamu uliishia wenyewe kwenye kamera. Yule kiongozi wa wapiganaji alikuwa amelala chini, amekufa kwa mujibu wa hati, na machozi yanampitia masikioni.

Pang alimwendea, akainama chini sana, na akabaki ameinama. Leo nilimwonea huruma.

2 Septemba

Dada Wan ameondoka kwa meli kwenda Taipei. Kampuni ndogo imemwita apange mapigano, ndivyo alivyosema, yeye ndiye atakayewaambia wanaume waanguke vipi. Nilimpelekea maandazi ya mvuke. Aliyala yote gatini, amesimama, kama mtu wa kuchukua mizigo.

"Waya wa kule nitaukagua mwenyewe," akasema. Halafu, "Wewe uliandika. Wengine waliona tu."

Nimeyaandika maneno yake hapa kama alivyoyasema.

26 Septemba

Leo filamu imetoka. Nilikwenda onyesho la saa nane mchana na Keung na magongo yake. Ukumbi umejaa, maganda ya mbegu za tikiti mpaka vifundoni. Alipokuja mjane darajani mara ya kwanza watu walipiga makofi kabla hajafanya lolote.

Kisha paa la hekalu. Nilikijua kipande nilipoona mawingu yale. Namba 112, mara ya tatu. Wameitumia! Nilimshika Keung mkono ili tutoke, lakini yeye alikuwa ameegemea mbele, kidevu juu ya gongo. Pale kwenye pazia akapanda, mgongo umenyooka, joho jeupe limefunguka kama siku ile, akazidi kupanda, na mahali ambapo mimi nilikuwa nasubiri ule mlio, picha ikageuka, na Dada Wan akatua kwenye ngazi, mwepesi, goti moja chini.

Ukumbi mzima ulishusha pumzi. Nyuma yetu mama mmoja muuza samaki, harufu yake ilimtangulia, akapiga kiti chake kwa kiganja.

"Mwoneni mwanamke anavyoruka! Hakuna kama yeye!"

Keung aligeuka, machozi yamemjaa, meno yote nje.

"Ahsante sana, shangazi."

"Nani kakusemesha wewe?" mama akamjibu. "Geuka huko, unanikinga!"